Kamera Isiyo na Mkanda

Mfinyanzi mmoja, jina lake Kalunde, alikuwa na binti wa pekee, Mwanahawa. Binti huyo ndiye mwanamke wa kwanza pande zile kubeba kamera ya sinema begani. Hakupiga sinema za mapenzi. Alipiga watu wakiwa kazini: wachemsha chumvi, warina asali, wakunga. Kisimani wanawake walisema hataolewa. Alipoolewa wakasema hatadumu. Hilo walilipatia, wakafurahi wiki nzima.

Mama yake alitaka kitu kimoja tu, binti akae. Lakini Mwanahawa akija alikuja mbio, gari la idara ya sinema linanguruma nje, viatu havivuliwi. Siku moja Kalunde akasema, "Mwanangu, umewapiga watu wote. Nipige na mimi nikifinyanga."

Mikanda ilikuwa imekwisha, imekwishia kwa watu baki. Mwanahawa akaona haya kusema. Akaisimamisha kamera tupu bila kuiwasha, akafumba jicho moja, na kwa lile jingine akamwelekea mama yake huku anawaza safari. Kalunde akaukanda udongo, akaupandisha, akaulainisha mdomo wa chungu kwa jani bichi. Alikwenda polepole mno. Dereva akapiga honi. Kalunde akaongeza nakshi.

Ikawa hivyo kila mwaka: mikanda kwa watu, kamera tupu kwa mama. Mwakani nitamwekea mmoja, alijiambia Mwanahawa. Sinema zake zikavuka bahari, akavishwa nishani. Kalunde akafa.

Baada ya arobaini majirani wakajaa uani, wamekuja na mikeka yao. "Haya, tuonyeshe mama yako." Hakuna aliyetamani kuiona ile mikono yenye udongo kuliko Mwanahawa mwenyewe. Akainama. "Sina. Kamera haikuwa na kitu."

Nyamizi, jirani ambaye siri ya mtaa haijapata kumpita, akacheka huku anajifuta machozi kwa upindo wa kanga. "We mtoto! Ulidhani hajui? Siku uliyonipiga mimi nikitwanga, mashine yako ililia kama cherehani, naye alikuwepo. Kwake ikawa kimya. Akaniambia, shoga, funga huo mdomo wako. Chungu kisipokwisha, mwanangu hanyanyuki."

Mwanahawa akafumba macho, amtafute mama yake humo ndani. Akaona chumvi inachemka. Akaona moshi wa warina asali, na nyuso za watu asiowajua hata majina. Mikono ile hakuiona.

Sasa niambieni, nyinyi ambao wazazi wenu bado wako hai: kati ya mama aliyejua kuwa kamera ni tupu na binti aliyejificha nyuma ya kamera hiyo, nani alibaki na picha ya mwenzake?