Mtoto Aliyekaa Mlangoni

Isome taratibu, halafu mpelekee yeyote mwenye mtoto nyumbani kwake.

Bibi Tusajigwe alifiwa na binti yake wa pekee, aliyekuwa amelazwa hospitali ya mbali. Marehemu aliacha mtoto wa miaka sita, Sekela. Wazee wakashauriana, na kama ilivyo desturi yetu wakaamua mtoto asiambiwe. Bibi akamwacha kwa jirani, akamwambia anakwenda harusini. Alikwenda kuzika.

Tangu siku hiyo wimbo ukawa mmoja: "Mama yako anakuja kesho." Kesho ikifika, inasogezwa mbele. Kila jioni bibi alimbakizia marehemu chakula kwenye bakuli, uongo wake usije ukajulikana. Machozi yakimzidi aliingia jikoni, akasingizia moshi. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi.

Sekela naye akaanza kukaa mlangoni. Akitoka shule hachezi, na chakula anakidonoa tu. Akisikia hodi anashtuka, anakimbilia njiani kabla bibi hajainuka. Alikonda mpaka nguo zikampwaya. Bibi alimtazama na roho ikamuuma, maana alijua anayengojwa hatakuja.

Jioni moja mvua ilinyesha, na mtoto akakataa kuingia ndani ingawa alikuwa akitetemeka. Bibi akashindwa kuvumilia. Akaketi naye kizingitini, akamshika mikono.

"Mjukuu wangu, nisamehe. Mama yako hatakuja. Alifariki."

Sekela hakulia. Alimkodolea bibi macho, kisha akauliza kwa sauti ndogo, "Nani amekwambia?"

Bibi akamuuliza, "Kwani wewe ulijua?"

"Nilisikia kina mama wakisema bombani, siku ile ulipokwenda harusini. Uliporudi ukasema mama anakuja, nikajua wewe hawajakwambia. Ndiyo maana nakaa hapa, bibi. Nilikuwa namwogopa mtu atakayekuja kukwambia. Nilitaka nimrudishe kabla hajaingia."

Bibi alimvuta kifuani. Hapo ndipo mtoto alipolia, kwa mara ya kwanza tangu afiwe na mamaye. Walilia wote wawili pale mlangoni, na majirani waliokuja hawakuwanyamazisha.

Funzo: Tunawaficha watoto msiba tukidhani tunawapunguzia mzigo, kumbe tunawaachia waubebe peke yao. Mtoto aliyefiwa mwambie ukweli, kisha kaa naye mlie pamoja.