Gunia la Bi Kifutu

Paukwa!
— Pakawa!
Masikio mnayo?
— Tunayo!
Basi yategeni.

Hapo kale, huko nyikani, aliishi nyoka aitwaye Bi Kifutu. Sumu alikuwa nayo, mbio hakuwa nazo. Alikuwa mfupi, mnene, ngozi yake rangi ya vumbi na majani makavu. Nyoka wenzake walimcheka: "Shoga, leo tena umevaa gunia?"

Siku moja, tumbo limemjaa watoto, akasikia kwamba Kipungu, ndege mla nyoka, anakuja. Kwa jirani ameshakula wawili.

Bi Kifutu akajikokota, akajikokota, hadi kwa Koboko. "Kaka, nifundishe mbio."

"Kwa tumbo hilo?" Koboko akacheka, huyoo, akatokomea.

Akajikokota, akajikokota, hadi kwa Swila. "Kaka, nifundishe kutanua shingo, nimtishe Kipungu."

"Shingo yenyewe iko wapi, dada?" Swila akaingia shimoni.

Akajikokota, akajikokota, hadi kwa Chatu. "Kaka, nistiri pangoni mwako."

"Pamejaa. Nimejaa mimi."

Nguvu zikamwishia. Akajilaza chini ya mgunga, juu ya majani makavu. Mara, puu! Kipungu akatua, hatua mbili tu kutoka puani pake.

Bi Kifutu akajibana chini majanini. Akajisemea kimoyomoyo: "Usitikisike, mama. Usifoke. Usipumue."

Kipungu akatazama huku: majani. Akatazama kule: majani. Akamkodolea macho yeye mwenyewe: majani!

"Ala! Nimeambiwa yuko hapa, kumbe takataka tupu!" Akaruka zake.

Bi Kifutu hajashusha pumzi, akaja Panya. "Lo, godoro!" Akajitupa mgongoni pake. Jamani, mwenye njaa ya siku tatu aletewe chakula kitandani!

Jioni akajifungua watoto thelathini, kila mmoja na kigunia chake. Koboko na Swila wakaja kumpongeza.

"Dada, uko wapi?"

"Mmenikalia mkia."

Waliruka hao! Tangu siku hiyo hakuna aliyemcheka tena.

Ndiyo maana hata leo kifutu akisikia vishindo hakimbii, hutulia tuli. Aliyejaliwa kutoonekana asilie kwa kukosa mbio. Nanyi mkienda kuokota kuni, tazameni mnapokanyaga.

Hadithi yangu imefika. Nimeilaza hapo chini. Aitakaye aiokote, ila aiguse kwanza kwa fimbo!