Karatasi Alizozikalia Kiboko

Masikio yako wapi?
— Yako hapa!
Na ulimi?
— Tumekuazima wewe!
Basi niazimeni na uvumilivu, maana kisa hiki kina uvumilivu mwingi kuliko haki.

Hapo kale wanyama walikuwa na chuo chao, na msimamizi wa mitihani alikuwa Kiboko. Kiti chake kilikuwa kifupi, basi akazitandika karatasi za wanafunzi waliokata rufaa ya alama, akazikalia. Pwaa! Akala maboga.

Kuchakuro na shoga yake Digidigi walipewa sifuri ya Tiba ya Mizizi, ilhali kila swali walilijibu. Bila alama hiyo, hakuna joho. Wakaomba karatasi zao zisahihishwe upya. Kanuni ilisema jibu litoke ndani ya siku thelathini. Siku thelathini zikapita, wakaenda.

"Shikamoo, Mzee Kiboko."
"Marahaba. Mmeleta nini?"
"Boga."
"Wekeni. Njooni kesho."

Wakaenda kesho. Boga likawekwa. Njooni kesho.

"Shoga," Kuchakuro akasema njiani, "tumbo la huyu halina kesho."
"Nyamaza, atakusikia! Tukimkasirisha ndiyo basi tena."

Tangu hapo Digidigi alibeba boga. Kuchakuro alibeba boga na barua, nakala mbili.

"Hii nini?"
"Barua tu, Mzee. Moja yako, moja yangu. Nasikia chuo kizima hakuna agongaye muhuri kama wewe."

Kiboko akavimba. Mkono mmoja boga, mkono mwingine muhuri, pwaa! IMEPOKELEWA, na tarehe. Hakusoma hata neno. Nakala yake akaikalia. Ile nyingine Kuchakuro akapanda nayo mtini, kwaru kwaru kwaru, akaificha.

Mara tisa alikwenda. Mara tisa pwaa!

"Hizo karatasi ni za nini?" Digidigi akamuuliza.
"Za kufungia karanga."

Alimficha. Aliogopa kwamba wakigongesha wawili, Kiboko ataanza kusoma. Shikeni hapo, ndipo panaponiuma.

Kuchakuro akaenda kwa Jaji Bundi. Kiboko akaitwa.

"Mheshimiwa, haka kapanya ka mkia mrefu sikajui," akanguruma. "Halafu tangu lini mahakama ikasahihisha mitihani?"

"Sijaomba mahakama inipe alama," Kuchakuro akasema. "Naomba imwamuru afanye kazi yake. Alama atoe yeye, ila atoe!"

Akazitandaza nakala, moja, mbili, mpaka tisa. Ya tisa ilikuwa na mbegu ya boga, imekaukia juu ya muhuri.

"Muhuri wa nani huu?" Bundi akauliza.
"Wangu, Mheshimiwa."
"Na mbegu?"

Kiboko akanyoosha mkono aibandue.

"Siku saba," akasema Bundi.

Siku ya saba Kiboko akainuka, akaichomoa karatasi ya Kuchakuro, akaisahihisha. Sabini na nane! Chini yake ikaonekana ya Digidigi, imebonyea kama chapati. Lakini amri haikumtaja Digidigi. Kiboko akakaa tena. Pwaa!

Kuchakuro akakimbia na joho lake begani, akamwambie shoga yake: andika, gongesha, twende kwa Bundi, njia naijua! Mlangoni akakuta boga limeoza.

"Alirudi kwao mwezi uliopita," jirani akamwambia. "Alisema shingo imechoka kubeba."

Kuchakuro akakaa kizingitini, joho mapajani. Hajalivaa mpaka leo.

Basi funzo, wanafunzi wema: mvumilivu hula mbivu. Ukicheleweshewa, ngoja. Usiandike barua, usigongeshe nakala, usimsumbue jaji. Na ukiijua njia, usimwambie mwenzako. Wakubwa hawapendi kelele. Kiboko mzima wa afya, anawasalimu.

Chukueni masikio yenu, nami narudisha ulimi. Mwenye shoga anayebeba boga, amkimbilie sasa hivi.