Migongo Mbele ya Kamera

“Ulinikatia ubeti wangu wa mwisho, Mchanga!” Zuwena alifoka.

“Ili wimbo uwe na mwisho, shoga. Taa ingezimika umeachama.”

“Ubeti gani?” Mize alidakia. “Sauti yako iliishia safu ya mbele. Majumbani walisikia fidla yangu.”

Hao ni wanawake watatu wa kundi moja la taarabu, wakigombana katika chumba cha kuvalia cha kituo cha televisheni. Zuwena alikuwa na sauti ya kumliza bwana harusi. Mize aliweza kuifanya fidla itamke maneno. Mchanga alipiga ngoma ya dumbaki, na mapigo hayakuwahi kumpotea hata siku moja.

Jioni hiyo walikuwa wameitwa kwenye kipindi cha burudani cha Jumamosi. Siku zile kipindi kilirushwa moja kwa moja, na mtaa mzima ulikusanyika mbele ya televisheni moja. Waliambiwa wana dakika nne tu. Taa nyekundu ya kamera ikizimika, basi.

Katika ubeti wa pili Zuwena akarudia mstari huku amenyoosha mkono, kama alivyozoea harusini. Wanawake waliokaa studioni wakaona wameitwa kumtunza. Wakainuka na noti zao, wakicheza, wakaziba kamera. Mmoja akajikwaa kwenye waya, maikrofoni ya mwimbaji ikafa. Majumbani watu wakaona migongo tu, bila sauti.

Zuwena hakusimama. Aliteremka jukwaani akiimba, akawarudisha wanawake wale vitini kwa kiuno na tabasamu, bila kumuudhi hata mmoja, mpaka kamera ikapata njia.

Mize naye akaisogelea maikrofoni ya mtangazaji, pekee iliyobaki hai. Akaufuata wimbo neno kwa neno kwa fidla, na watazamaji waliokuwa wakiujua wakaimba wenyewe.

Mchanga alitazama vidole vya msimamizi wa studio vikihesabu muda uliobaki. Akaruka ubeti mzima, akakaza mapigo, akawavuta wenzake. Pigo la mwisho likaanguka, taa ikazimika.

Ndipo mkuu wa kipindi, Bwana Shekue, akawafuata chumbani wakigombana. “Aliyekiokoa kipindi atakuwa wetu kila Jumamosi. Nafasi ni ya mmoja. Kubalianeni, narudi.”

“Mmoja akienda, kundi limekufa,” Mize alisema.

“Na tusipoenda?” Mchanga akauliza. “Tutarudi kuimba kwenye maturubai mpaka tuzeeke?”

Zuwena alikuwa akifuta wanja. “Semeni tu hamtaki niende mimi.”



Je, wewe unayesikiliza, ungeamua vipi? Aende aliyerudisha picha, ingawa mkono wake ndio ulioleta balaa? Aliyeupeleka wimbo majumbani? Au aliyeufikisha mwisho kwa wakati, akimkata mwenzake? Amua sasa, maana Bwana Shekue amekwishafungua mlango, naye anasema:

“Jina moja, mama zangu. Mkishindwa, naita kundi jingine.”