Konokono wa Kutwa na Mtoto Asiye na Jina

Sogeeni karibu, na anayetafuna ameze kwanza, maana mwisho wa habari hii nitataka jibu, na jibu la mdomo uliojaa silipokei.

Zamani katika nchi ya Kutwa waliishi watu watatu wenye vipaji. Shaame alikuwa na kipaji cha kutazama: aliweza kukaa kitako akikodolea kitu kimoja mpaka watu wakamwita mvivu. Kidawa alikuwa na mikono. Udongo ukipita humo hutoka chungu, na chungu chake hakivuji. Mize alikuwa na mdomo. Huo hauhitaji maelezo, kila mtaa una Mize wake.

Huko Kutwa jua halikuchomoza wala halikuzama. Lilining'inia katikati ya mbingu, papo hapo. Hakuna asubuhi, hakuna jioni. Kila mtu alilala aliposikia usingizi, akala aliposikia njaa. Raha, sivyo? Muulizeni Sikudhani.

Sikudhani wa mtaa wa Juu alichumbiwa na Vuai wa mtaa wa Chini, na walipendana kweli. Harusi ikapangwa, wakaagana, "Tutakuja tukishaamka." Kina Vuai wakaamka, wakafika na ngoma zao, wakawakuta kina Sikudhani ndio kwanza wanakoroma. Ikapangwa tena. Kina Sikudhani wakapika pilau, wakangoja hadi ikapoa, wakaila wenyewe na kulala. Baba yake Sikudhani akapandwa na hasira: "Ikiharibika tena, posa nairudisha!" Binti akalia mpaka macho yakavimba.

Kilio kile kiliwachoma majirani zake, nao ndio wale watatu.

Shaame akaenda kutafuta kitu ambacho mwendo wake haubadiliki, kiwe kipimo cha wote. Akatazama siafu, wakinusa nyama hukimbia. Akatazama kuku, kuku hana msimamo. Mwishowe, kando ya kisima, akamwona konokono. Akamtazama akipanda ukuta, akamrudisha chini, akamtazama tena. Awe na njaa, awe ameshiba, mwendo ni ule ule. Shaame akambeba kiganjani kama yai.

Kidawa akafinyanga mnara wa udongo wa kimo cha mtu, wenye mfereji mwembamba unaouzunguka toka chini hadi juu. Ulipasuka ukikaushwa, akauanza upya bila kununa. Kileleni akatega kibao na jiwe: konokono akikikanyaga kibao, jiwe linaporomokea sinia la shaba, ngwaa! Safari hiyo moja wakaiita mpando. Sasa mtu aliweza kusema, "Nakuja baada ya mipando miwili."

Aliweza, lakini nani alisema? Sinia lilipolia mara ya kwanza watu walicheka. "Mimi niamshwe na konokono? Nina wazimu?" Hapo Mize akajifunga kibwebwe, akapita nyumba hata nyumba. Wapishi aliwaambia wageni watafika chakula kikiwa cha moto. Wapenda usingizi aliwaambia hakuna atakayewagongea mlango wakiwa wamelala. Baba yake Sikudhani akamwambia, "Baba, mji huu unakutazama wewe. Ukiitikia sinia, na wao wataitikia." Alirudi kwake sauti imekauka, akizungumza kwa ishara, jambo ambalo halijapata kutokea.

Basi sinia likalia. Milango ya Juu ikafunguka, ya Chini ikafunguka, wakakutana njiani kwa vigelegele. Pilau ilikuwa ya moto. Sikudhani alicheka huku analia, na baba yake akacheza ngoma mpaka kofia ikamdondoka.

Mambo yangeishia hapo, kama si mtoto waliyemzaa. Desturi ya Kutwa ni kwamba mtoto wa kwanza, wa kike au wa kiume, hupewa jina la aliyewakutanisha wazazi wake. Heshima kubwa kuliko hiyo hawaijui. Ni jina moja tu. Mawili, wanasema, yatamgombania. Na mpaka apate jina, mtoto hatolewi nje.

Wakaitwa wale watatu.

"Bila konokono wangu," alisema Shaame, "mngekuwa na kichuguu kirefu tu hapo uwanjani."

"Na bila mnara wangu," alisema Kidawa, "konokono wako angekuwa bado kisimani, na wewe ungali unamkodolea macho."

"Na bila mdomo wangu," alisema Mize, sauti imesharudi, tena na nyongeza, "sinia lenu lingekuwa linawaamsha kuku."

Babu wa mtoto akachoka kuwasikiliza. "Aliyetembea ni konokono. Mwiteni Konokono, tukale!" Kandambili ya Sikudhani ikampita sikioni.

"Baba, heshima yako," alisema Sikudhani, "lakini mwanangu hataitwa hivyo. Nawapenda wote watatu, na sitaki kumuumiza hata mmoja. Mwenye akili aniambie jina la nani, nami nitamwita hilo."

Mtoto yumo ndani analia, watu wamejaa hadi barabarani, na Sikudhani amesimama mlangoni akimtazama kila anayepita. Sasa anakutazama wewe. Je, mtoto huyu aitwe nani?