Hapo Katikati Ndipo Unapopita Wewe

Wapendwa, leo ni Jumapili ya mavuno, na kila mmoja amekuja na kitu cha kumshukuru Mungu. Ni vizuri sana. Lakini kabla hatujaanza kutoa, hebu twende pamoja mpaka kwa mama mmoja aliyekuwa akilima vitunguu mlimani.

Mwaka mmoja mama huyu alilima, akapalilia, akavuna, kisha vitunguu vyote vikamwozea. Havikuharibiwa na mvua wala wadudu. Vilioza vikiwa kwenye magunia, mlangoni kwake, kwa sababu lori halikuweza kupanda kutoka bondeni. Punda alishusha magunia machache. Mengine yakaanza kutoa maji na harufu, mpaka majirani wakawa wanapita wakiziba pua. Je, kuna mtu humu ndani aliyewahi kulima akavuna na bado akakosa? Naam, naona vichwa vinatikisika.

Mwaka uliofuata halmashauri ilileta greda. Barabara ikapanda mlima, ikamwagiwa changarawe, ikafika mpaka shambani kwa mama huyu na kuishia hapo hapo, kwenye tuta la kwanza. Mama alilima shamba lile lile, kwa jembe lile lile, lakini safari hii vitunguu vilifika sokoni vikiwa vikavu, vinang'aa. Akaezeka nyumba yake upya. Binti yake akaenda sekondari. Watu wakamsifu, "Mama, wewe ni mchapakazi kwelikweli!" Naye taratibu akaanza kuamini kwamba ni uchapakazi tu.

Sasa niwaulize, na mnijibu moyoni: mwaka ule vitunguu vilipooza, alikuwa mvivu?

Siku moja akaja bwana mmoja kutoka ofisi ya kata.

"Mama, tunataka barabara iendelee mpaka kijiji cha juu. Kushoto ni korongo, kulia ni jabali. Pa kupita ni hapa tu, katikati ya shamba lako. Greda lipo, mafuta yapo, ila fungu la kulipia ardhi hatuna. Tunakuomba tu. Ijumaa tupe jibu, maana ukikataa, greda linapelekwa tarafa nyingine."

Jioni hiyo akaja shemeji yake, ambaye habari zilikuwa zimemfikia hata kabla hajafunga ng'ombe.

"Shemeji, hebu niambie. Wale wa kijiji cha juu wanalima nini?"

"Vitunguu."

"Wakipata barabara, wataviuza wapi?"

"Si sokoni?"

"Soko lipi?"

"Hili hili ninalouzia mimi."

"Haya! Yaani ukate shamba lako mwenyewe ili watu waje kukuharibia bei. Si bora uwashonee na magunia kabisa!"

Mama alicheka, lakini maneno yale yalimkaa. Na tusimwonee shemeji, hakuwa mtu mbaya. Hesabu yake ilikuwa sawa. Mzigo ukizidi sokoni bei hushuka. Sote tunalijua hilo. Na mama alikuwa na binti shuleni, hana shamba jingine. Akaamua atakataa.

Ijumaa haikuwa siku ya soko, kwa hiyo hakukuwa na lori la kuteremka nalo. Akajifunga kanga, akashika barabara kwa miguu kwenda ofisi ya kata, njiani akijifunza maneno ya kwenda kusema: "Shamba hili ni la watoto wangu."

Barabara ile alikuwa ameipita mara nyingi, lakini siku zote akiwa juu ya magunia, macho yake kwenye mzigo usije ukadondoka. Leo kwa mara ya kwanza aliona kando. Akafika mahali penye kahawa. Akaona mstari wa mibuni unakuja, unaishia kwenye ukingo wa barabara, halafu unaendelea ng'ambo ya pili, umenyooka vile vile kama vile haukukatwa. Na mstari wa pili hivyo hivyo. Na wa tatu. Mama mmoja alikuwa akichuma.

"Habari za kazi, dada?"

"Nzuri, karibu! Si wewe mama wa vitunguu? Nakuona unavyopitaga hapa juu ya magunia, kama bibi harusi."

Wakacheka wote wawili.

"Dada, hii kahawa ya huku ni ya nani?"

"Yangu."

"Na ile ya ng'ambo?"

"Yangu pia."

"Na hapa katikati?"

Yule mama akaweka kikapu chini. "Hapo katikati ndipo unapopita wewe."

Mama wa vitunguu akauliza kwa sauti ndogo, "Walikulipa?"

"Nani alipwe, dada yangu? Jirani yangu wa hapo chini alitoa migomba. Wa chini yake alitoa mahindi. Nami ningesema iishie kwangu, nyie mngepita wapi?"

"Lakini hukuwa ukinijua."

"Nitakujulia wapi? Niliambiwa tu kuna watu huko juu, mazao yao yanaoza."

Mama akaendelea kushuka. Akaiona migomba. Akaliona shamba la mahindi lililobaki kipande. Akaliona zizi ambalo mwenye nalo alilibomoa akalijenga pembeni. Siku zote alidhani anapita juu ya changarawe, kumbe anapita juu ya mashamba ya watu.

Ofisini, yule bwana alipomwona akashusha pumzi. "Najua, mama. Shemeji yako ameshanidokeza kwamba hutaki."

"Shemeji alisema yake. Mimi nimekuja kuomba jambo moja tu. Vitunguu vyangu bado havijalaza majani, havijakomaa. Nisubirini nivune, halafu piteni."

Mtaniuliza, je, bei ilishuka? Ilishuka, sitawadanganya. Msimu uliofuata aliuza kwa bei ya chini kidogo. Baadaye mzigo wa mlimani ulipokuwa mwingi, malori makubwa yakaanza kupanda yenyewe kuufuata, na nauli ya gunia ikapungua. Lakini mama hakujua kwamba ingekuwa hivyo. Alipotoa, alitoa tu.

Wapendwa, sisi ni nani katika habari hii? Sisi sote tumepita juu ya mashamba ya watu. Kuna aliyelipa ushuru wake kwa uaminifu, darasa likajengwa, mwanao akapata pa kukaa. Kuna mtaalamu aliyekaa miaka akichagua mbegu isiyougua, na hukumwona hata mara moja. Umelima, ndiyo, na jasho ni lako, hakuna anayekunyang'anya. Ila hukulima peke yako.

Basi njooni sasa mtoe. Na unapotoa, mtaje mtu mmoja aliyekatwa shamba lake ili wewe upite. Kama humjui jina, usione haya. Sema tu, "Bwana, asante kwa yule." Mungu anamjua yule.

Kisha ukirudi nyumbani, angalia juu ya mlima. Kuna watu huko, mazao yao yanaoza.