Bibi Nyamizi na Nyasi za Kilua

Paukwa!

—Pakawa!

Mbona mnajibu kama mmelishwa kiporo? Paukwa!

—PAKAWA!

Haya, sasa nasikia watu.

Hapo kale, kale ambapo babu wa babu yako alikuwa bado ananyonya, Kilua na mkewe Nakijwa walishuka kutoka mlimani kwenye mvua nyingi, wakahamia nyikani. Walibeba mtoto mchanga, mbuzi, na machipukizi ya migomba. Migomba ilitazama jua la nyika, ikafa siku hiyohiyo.

Lakini nyasi! Nyasi kifuani, nyasi mabegani, nyasi mpaka mlangoni.

Kilua akachekelea. "Mke wangu, mlimani tuligombania nyasi za mbuzi. Hapa zinabisha hodi zenyewe!"

Jirani yao alikuwa Bibi Nyamizi, mzaliwa wa nyika. Kiangazi kilipoingia, asubuhi isiyo na upepo, akachoma nyasi zote kuizunguka nyumba yake. Tss! Tss! Pakabaki peusi tii.

Nakijwa akamwendea. "Bibi, mbona unachoma vyako mwenyewe?"

"Mjukuu wangu, ukila ukaramba sahani, mbwa atafuata nini?"

Nakijwa akarudi akiwaza. Kilua akacheka mpaka akakaa chini. "Bibi wa watu kazeeka vibaya! Kwetu nyasi haziwaki hata uzibembeleze."

Kwenu, Kilua. Kwenu.

Siku moja upepo ukaja, na nyuma yake moto. Vuuu! Paa! Paa! Nakijwa akamfunga mtoto mgongoni, akaburuta mbuzi, mbio hadi kwenye weusi wa kwa Bibi. Sahani iliyorambwa! Sasa ameielewa.

Kilua akabaki kuokoa nyumba. Akanyakua kibuyu cha maji, kwa papara akajimwagia yote miguuni.

Mara Bibi Nyamizi huyo, kaa la moto kwenye kigae mkononi! Akawasha nalo nyasi, mbele ya mlango wa Kilua.

"Bibi, unaniua!"

"Vunja tawi bichi! Moto wa upande wa nyumba, piga. Wa upande wa nje, uache uende."

Pu! Pu! Pu! Moto mdogo ukatambaa kwenda kumlaki mkubwa. Shikamoo! Marahaba! Mioto ikatazamana: chakula hakuna. Yote miwili ikalala.

Nyumba ipo. Nyusi za Kilua, hazipo.

"Bibi, mbona hukuniambia?"

"Ulikuwa unacheka, mjukuu wangu. Nilingoja umalize."

Mpaka leo kijijini kile, mhamiaji hupelekewa kaa la moto kabla ya kiti, akaambiwa: "La Bibi Nyamizi hili."

Ukihamia nchi ya watu, uliza kwanza, cheka baadaye.

Ngano yangu imezimika hapo. Ukiona bado inafuka, ipige tawi.